UZI: Vitabu vya marais wa vitani tuvisome kuanzia nyuma. Nyerere, Kagera, Moshi hadi Arusha

Mwana_Misenyi

Wakuu, salaam kwenu.

Mimi ni mtu wa Misenyi, kaskazini ya mto Kagera, ardhi ambayo Novemba 1978 Idi Amin alitangaza kuwa ni mali ya Uganda. Kwetu kila ukoo una hadithi yake ya mwaka ule. Ya kwetu ni ya bibi mzaa baba, aliyeshika njia ya kusini na watoto wawili, mmoja mgongoni mmoja mkononi, na sufuria kichwani. Migomba, mbuzi na kahawa iliyokuwa imeanikwa vyote vilibaki. Aliporudi mwaka uliofuata alikuta kuta tupu. Bibi hakuwa mtu wa kusimulia habari za mizinga. Alichosimulia ni kurudi: nani alirudi na nani hakurudi, nani alikuta mpaka wa shamba umesogezwa, mbegu za kwanza zilitoka kwa nani, ilichukua misimu mingapi mpaka mgomba uzae tena.

Nilipoanza kusoma vitabu vya vita vile vya Tanzania na Uganda nilishangaa. Vingi vinaishia pale bibi alipokuwa anaanzia. Baadaye nikasoma vya marais wengine walioongoza nchi zao vitani, nikakuta ni hivyo hivyo: kurasa mia tatu za kupigana, kurasa ishirini za amani. Na sisi wasomaji tunazidisha kosa hilo. Hotuba ya Nyerere ya Novemba 2, 1978 tunaijua kwa moyo, uwezo, sababu na nia. Mapigano ya Lukaya tunayajua. Kampala tunajua iliangukia mikononi mwetu Aprili 11, 1979. Hapo tunafunga kitabu na kukirudisha kabatini. Mimi naomba tukifungulie hapo.

Nianze na kitabu ninachokiheshimu kuliko vyote kuhusu vita hivi, *War in Uganda* cha 1982, cha Tony Avirgan na Martha Honey. Hawa walikuwa waandishi wa habari Wamarekani waliokuwa wanaishi Dar es Salaam, na wakaingia Uganda pamoja na jeshi letu. Kuna sehemu ndani yake nimeirudia hata sijui mara ngapi.

Ni Aprili 1979. Entebbe imekwisha kuchukuliwa. Kampala inabanwa, na njia kubwa iliyobaki ni ya mashariki, ile ya Jinja. Mjini bado wamo askari wa Libya, waliotumwa na Gaddafi kumwokoa Amin. Kijeshi, njia ile ilipaswa kufungwa ili wakamatwe wote. Nyerere akaamua iachwe wazi, akampelekea Gaddafi ujumbe kwamba watu wake wanaweza kuondoka bila kupigwa. Mkumbuke hizi ni siku chache tu baada ya ndege ya Libya kutumwa kulipua matangi ya mafuta ya Mwanza, mabomu yakakosa shabaha na kuangukia kisiwa cha Saanane, yakaua swala. Gaddafi alikuwa amemtishia waziwazi. Mtu wa hasira angesema huu ndio wakati wa kulipa.

Mimi ninavyomwelewa, Mwalimu alikuwa anahesabu kesho. Kila Mlibya ambaye angefia Kampala angekuwa deni kati ya Tanzania na Libya, na vita vya Uganda vingegeuka kuwa vita vingine, vya watu wengine. Adui aliyekwisha kushindwa alimpa mlango. Uamuzi ule haukupigiwa ngoma, hauna wimbo, watoto hawaufundishwi shuleni. Kwangu mimi ndio uongozi wake mkubwa kuliko hotuba yenyewe.

Lakini kitabu hichohicho hakimpambi wala hakilipambi jeshi letu. Kinaeleza kwamba Masaka na Mbarara, zilizotekwa Februari, majengo yake yalilipuliwa kwa baruti ili kulipiza kisasi cha Kagera. Nami ni mtoto wa Kagera, na nilipoisoma sehemu hiyo sikufurahi. Kuna bibi wa Masaka naye alirudi akakuta kuta.

Sasa twende Moshi, kwa sababu hapo ndipo hoja yangu ilipo.

Machi 24 hadi 26, 1979, wakati risasi bado zinalia, makundi ya Waganda waliokuwa uhamishoni yalikusanywa Moshi ili yaunde chombo kimoja cha kuipokea nchi. Nyerere alimwomba Obote, rais aliyepinduliwa na Amin, asihudhurie, maana jina lake tu lingeuvunja mkutano. Likazaliwa UNLF, muungano wa makundi hayo, akachaguliwa Yusuf Lule, msomi mwenye heshima na asiye na jeshi. Siku tatu, nchi ikapata serikali kwenye karatasi. Lule aliapishwa katikati ya Aprili, akaondolewa Juni. Siku 68. Akaja Godfrey Binaisa, naye hakumaliza mwaka. Mei 1980 tume ya kijeshi chini ya Paulo Muwanga ikamweka pembeni. Desemba 1980 uchaguzi wenye ugomvi, Obote akarudi Ikulu. Februari 1981 Museveni akaingia msituni. Moshi ilichukua siku tatu, na Luwero, eneo la vita hivyo vya msituni, ikazika watu miaka mitano.

Halafu mtazameni mtu huyohuyo miaka ishirini baadaye. Si rais tena, ni mzee ana mvi, yupo Arusha akiwasuluhisha Warundi waliokuwa vitani. Mazungumzo yalianza Juni 1998. Yalifunguliwa, yakaahirishwa, yakafunguliwa tena. Kamati moja ya chimbuko la mgogoro, nyingine ya demokrasia, nyingine ya ulinzi, nyingine ya uchumi na kurudisha wakimbizi. Watu walilalamika kwamba anakokota, kwamba posho za wajumbe zinaliwa. Alifariki Oktoba 14, 1999 kabla ya kuona saini. Mandela akaushika usukani, na mkataba ukatiwa saini Agosti 28, 2000.

Siku tatu Moshi, zaidi ya miaka miwili Arusha. Naamini Nyerere alikwenda Arusha akiwa na Moshi kichwani. Alikuwa ameona kwa macho yake amani iliyojengwa upesi inavyobomoka, na safari hii alikataa kuharakishwa. Huu ni usomaji wangu, na ndio nimeuletea uzi.

Na lipo jambo moja linanisumbua. Mwalimu ndiye aliyemtafsiri Shakespeare, *Juliasi Kaizari*, 1963, akaja kuirekebisha tafsiri hiyo 1969. Tamthilia nzima ni ya watu waliopanga vizuri sana jinsi ya kumwondoa mtawala, na hawakupanga hata kidogo kuhusu asubuhi inayofuata. Antonio anasimama, anasema, na Roma inaingia kwenye vita vya wenyewe kwa wenyewe. Rais aliyekaa na maneno yale, akiyapima moja moja kwa Kiswahili, aliijua hatari hii kuliko rais mwingine yeyote wa zama zake. Hata hivyo Moshi ilikuwa siku tatu. Wale waliosoma zaidi wanisaidie hapo.

Mama_Ilala

Mwanangu, umeandika vizuri, Mungu akubariki, na bibi yako Mungu amrehemu kama ametangulia.

Mimi nilikuwa darasa la saba vita vilipoisha. Nakumbuka Mwalimu alivyotuomba tufunge mikanda miezi kumi na minane. Kwetu Ilala watu waliitikia, maana walikuwa na fahari, vijana wamerudi na ushindi. Miezi kumi na minane ikapita, na mikanda haikulegea. Sabuni tuligawana mche, sukari kwa kadi, foleni ya unga unaanza saa kumi alfajiri, na ukifika dirishani unaambiwa imekwisha. Gari binafsi Jumapili mchana marufuku barabarani.

Kwa hiyo unaposema tuanzie nyuma, basi ongeza na hiyo. Amani ya Uganda ililipiwa pia na jiko la mama yangu. Katika vitabu unavyovisoma, yumo aliyeandika habari za jiko?

Mwana_Misenyi

Shikamoo Mama. Bibi alitutoka 2011, ahsante kwa dua.

Yupo, ila kidogo. Wasifu mkubwa wa Nyerere uliotoka 2020, *Development as Rebellion*, wa Issa Shivji, Saida Yahya-Othman na Ng'wanza Kamata, una juzuu tatu, na ile ya tatu ya Shivji ndiyo inayoingia katika uchumi na siasa za urais wake. Ukisoma pale unaelewa kwamba mikanda haikukazwa na vita peke yake. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilikuwa imevunjika 1977, bei ya mafuta ikapanda tena 1979, mazao yetu yakawa hayana bei nje. Vita viliangukia juu ya mtu aliyekuwa tayari anayumba.

Lakini hata humo jiko limeelezwa kwa namna ya hesabu. Sauti ya mama aliyesimama foleni saa kumi alfajiri sijaikuta. Hiyo ni kazi yenu, Mama. Andika.

Mkweli_wa_Mwanza

Uzi mzuri, lakini nina swali la wazi. Mkuu, unamfanya Mwalimu mtu wa amani. Novemba 1978 OAU, umoja wa nchi za Afrika wa wakati ule, na viongozi kadhaa walitaka kusuluhisha, Amin mwenyewe akatangaza kwamba yuko tayari kuondoa majeshi. Mwalimu akakataa, akaendelea mpaka Kampala. Mkutano wa OAU wa Monrovia, Julai 1979, Nimeiri wa Sudan na Obasanjo wa Nigeria walimsema kwamba amevunja kanuni ya kutoingilia nchi nyingine. Mtu wa amani anakataaje usuluhishi?

Mwana_Misenyi

Swali la haki kabisa, mkuu, na sitalikwepa.

Alichokataa ni usuluhishi uliowaweka mvamizi na mvamiwa kwenye mizani moja. Aliitaka OAU iseme kwanza kwamba kuvamia ni kosa, na OAU haikusema. Hapo namwelewa. Bibi yangu asingeweza kuambiwa yeye na aliyemchomea nyumba wana ugomvi, wapatanishwe.

Kutoka mpakani kwenda Kampala ni habari nyingine, nami siisemi kwa wepesi. Mutukula ilichukuliwa Januari 1979, na shabaha iliyotangazwa hadi pale ilikuwa kulinda mpaka. Masaka na Mbarara zilielezwa kuwa ni adhabu. Kisha ikawa Kampala. Sababu zilikuwa zinakua kadiri jeshi linavyosonga. Marais wa vitani karibu wote wana tabia hiyo, na mwandishi mwema ni yule anayekuonyesha lini hasa sababu ilibadilika. Avirgan na Honey wanajaribu. Nikiulizwa kama nafurahi Amin aliondoka, nafurahi. Nikiulizwa kama ulikuwapo mpango wa siku ya pili, jibu langu ni Moshi.

Msomaji_Nyanza

Salamu kutoka Kisumu, ndugu zangu.

Hoja ya Mkweli imenikumbusha Abraham Lincoln, nami nimesoma sana habari zake. Februari 3, 1865, vita vya Marekani vikielekea ukingoni, Lincoln na waziri wake wa nchi za nje, Seward, walikutana na wajumbe watatu wa Kusini, yaani majimbo yaliyojitenga, ndani ya meli iliyotia nanga Hampton Roads, Virginia. Walizungumza saa kadhaa. Wajumbe walitaka mapigano yasimame kwanza, mengine yaje baadaye. Lincoln akakataa: nchi irudi kuwa moja, suala la kukomesha utumwa lisirudishwe nyuma, na majeshi ya Kusini yavunjwe. Bunge la Wawakilishi lilikuwa limepitisha marekebisho ya katiba ya kukomesha utumwa siku tatu tu kabla. Angekubali kusimamisha mapigano wakati ule, huenda watumwa wangekuwa ndio bei ya amani.

Lakini sikilizeni alichofanya alipofika Washington. Siku mbili baadaye aliwaletea mawaziri wake pendekezo kwamba serikali ilipe majimbo ya watumwa dola milioni 400, vita vikome kabla ya Aprili kuanza. Mawaziri wote walipinga. Akalikunja karatasi lake akaliweka. Mtu aliyekataa kusimamisha mapigano ndiye huyohuyo aliyekuwa tayari kumlipa adui ili aweke silaha chini. Naona ni ndugu wa ile barabara ya Jinja.

Na kuhusu Moshi nina la kuongeza. Doris Kearns Goodwin, katika *Team of Rivals* ya 2005, anaeleza jinsi Lincoln alivyowaingiza serikalini watu aliogombea nao uteuzi wa chama, Seward, Chase na Bates. Wengi wakisoma kile kitabu wanaondoka na somo kwamba waweke wapinzani wako mezani. Moshi wapinzani waliwekwa mezani! Tofauti ni kwamba Washington kila mtu alijua kiti cha mwisho ni cha nani. Chase alikitamani, lakini hakuwa na bunduki zake mwenyewe. Moshi walikuwapo wenye majina bila askari, na walikuwapo wenye askari, na aliyepewa kiti alikuwa mwenye jina tu.

Mwana_Misenyi

Ndugu wa Nyanza, hiyo aya yako ya mwisho nimeinakili kwenye daftari. Ndicho nilichokuwa nakitafuta nikashindwa kukisema.

Mtu_wa_Buddu

Ndugu zangu Watanzania, mimi ni Mganda wa Masaka, Kiswahili changu mnisamehe, nimekijifunza sokoni na kwa marafiki wa Bukoba.

Nilizaliwa baada ya vita. Mji niliokulia ulikuwa bado na magofu, tulicheza ndani yake kujificha. Wakubwa wetu walikuwa na mambo mawili kwa pamoja na hawakuona taabu kuyabeba yote: walishukuru kwamba mlikuja, na walihesabu majengo. Ninyi mna wimbo wa vita vile. Sisi kwetu Aprili 1979 ni mlango tu wa miaka mingine mibaya. Mzee mmoja jirani yetu alikuwa anasema Amin alituua, kisha wale waliokuja baada ya Amin wakatuua, na hakuna aliyetuuliza tunamtaka nani. Aliyeleta uzi amesema kweli kwamba Moshi ilikuwa upesi. Mimi naongeza kwamba ilikuwa mbali pia. Watu waliobaki ndani ya Uganda miaka minane ya Amin hawakuwamo Moshi. Waliokuwamo ni waliokimbia.

Mkitaka upande mwingine wa vita hivi, yupo Museveni, *Sowing the Mustard Seed*, 1997. Anaeleza alivyoanza kupambana na Amin akitokea Tanzania, uvamizi wa Mbarara ulioshindwa 1972, kikosi chake cha FRONASA ndani ya vita vya 1979. Nakisoma na kalamu mkononi. Mtu anayeandika habari za vita akiwa bado amekalia kiti, kila njia katika kitabu chake inaelekea kwenye kile kiti.

Mwana_Misenyi

Ndugu wa Buddu, karibu sana, na Kiswahili chako hakina kosa la kuombea msamaha. Hilo la waliobaki sikuwa nimeliona. Miaka yote nimekuwa nikiuliza nani aliyealikwa kati ya wakimbizi, sikuwahi kuuliza kuhusu waliobaki.

Na juu ya kuandika ukiwa umekalia kiti, nakubaliana nawe. Linganisha na Mkapa, *My Life, My Purpose*, 2019, aliyeandika miaka mingi baada ya kutoka. Anakiri kwamba mauaji ya Zanzibar ya Januari 2001 ni doa katika urais wake. Mtu anaweza kusema kukiri hakutoshi, na ni haki yake. Lakini rais aliye madarakani hata hilo haandiki.

Binti_Buyenzi

Amani kwenu. Naandika kutoka Bujumbura, mtaa wa Buyenzi, ambako Kiswahili ndicho tunachoamkia.

Nimeusoma uzi wote taratibu. Kaka wa Misenyi, nakushukuru, lakini Arusha yako ni safi mno. Wacha nikueleze ilivyoonekana huku.

Rais Ndadaye aliuawa Oktoba 21, 1993, miezi michache tu baada ya kuchaguliwa. Toka hapo tulikuwa kwenye vita. Buyoya alipochukua nchi kwa nguvu Julai 1996, majirani wakatuwekea vikwazo, na Mwalimu alikuwa mmoja wa waliovisimamia mpaka vilipoondolewa Januari 1999. Nilikuwa mtoto. Vikwazo kwangu ni bei ya chumvi, na taa ya mafuta tuliyoizima mapema. Wakubwa waliokusudiwa hawakulala gizani.

Halafu hiyo miaka miwili ya Arusha. Unasema alikataa kuharakishwa, nami naelewa ulichokusudia. Lakini wakati kamati zinakaa, milima ya kuzunguka Bujumbura ilikuwa inawaka, na watu maelfu walikuwa wamekusanywa kwa nguvu kwenye makambi. Kila mkutano ulioahirishwa ulikuwa na watu wake wa kuzikwa.

Na kuna kosa ambalo waandishi wengi hulipita haraka. CNDD, kundi la waasi wa Kihutu, ilipopasuka 1998, Mwalimu alibaki na kiongozi wake Nyangoma mezani, na kundi lililokuwa na wapiganaji wengi, FDD, likabaki nje. FNL, kundi jingine la waasi, nayo nje. Kwa hiyo Agosti 28, 2000, Mandela amesimama, Clinton amekuja, kalamu zinatembea, na wenye bunduki hawamo ukumbini. Hata baadhi ya vyama vya Watutsi havikutia saini siku ile, vilikuja kutia baadaye. Usimamishaji wa mapigano haukuwamo katika mkataba. FDD walikuja kukubaliana na serikali 2003, FNL 2006 kule Dar es Salaam. Kaka wa Nyanza amesema tatizo la Moshi ni jina bila askari. Arusha ilikuwa na ugonjwa huohuo.

Pamoja na hayo yote, nakuunga mkono kwa jambo moja kubwa. Zile kamati ulizozitaja zilitupa kitu ambacho hakikupatikana Moshi. Ziliandika hesabu: nusu kwa nusu katika Seneti, na jeshi ambalo kabila moja haliwezi kupita nusu; ile ya asilimia 60 Wahutu na 40 Watutsi katika Bunge na serikali ilikuja kuwekwa katika katiba ya 2005. Hesabu ile ilijadiliwa mpaka watu wakachoka, na kwa sababu walichoka wakiwa pamoja, ilishika. FDD walipoingia baadaye walikuta nyumba ina kuta, wakaingia ndani yake. 2015 tulipoingia tena katika msukosuko, watu walibishana kwa kuushika mkataba wa Arusha mkononi, kila upande ukidai mwenzake ameuvunja.

Kwa hiyo usiandike kwamba Moshi ni haraka na Arusha ni subira, ukaishia hapo. Andika wewe uone kipi kilikuwa kinajengwa wakati wa kusubiri, na nani alikuwa anafukiwa.

Mwana_Misenyi

Dada wa Buyenzi, nimekaa na maneno yako siku mbili kabla ya kujibu.

Umenirekebisha, nami nakubali. Nilipima uongozi kwa kalenda: siku tatu, miaka miwili. Kalenda haitoshi. Swali la FDD ni zito kwa mtu anayempenda Mwalimu kama mimi, kwa sababu linaonyesha kwamba alijifunza nusu ya Moshi. Alijifunza kwamba karatasi inataka muda. Lile la kwamba wenye bunduki lazima wawemo chumbani halikumwingia, au lilimwingia akaliogopa, asije akaonekana anatoa zawadi kwa kila anayepasua chama chake kwa silaha. Hofu hiyo nayo naielewa. Lakini waliolipa ni watu wa milima ile uliyoitaja.

Ninachokitamani sasa ni kitabu ambacho hakijaandikwa, au kama kimeandikwa sijakishika: kitabu kimoja kinachomfuata Nyerere kutoka Mutukula mpaka Moshi mpaka Arusha bila kukatika. Vilivyopo vinamgawa. Vya vita vinamwacha 1979, vya urais vinamwacha 1985, vya Burundi vinamkuta akiwa mzee kana kwamba alizaliwa msuluhishi.

Kijana_Kibaha

Wakuu nimejifunza mengi humu. Mimi Kiingereza changu ni cha kubabaisha. Kuna vitabu vya Kiswahili juu ya hivi vita, au ni mpaka niende na kamusi?

Mwana_Misenyi

Vipo, mdogo wangu. Tafuta *Kuzama kwa Idi Amin* cha Baldwin Mzirai, kilichotoka 1980, vita vikiwa bado vina joto. Ni cha kishindo zaidi kuliko cha kuhoji, lakini utasikia nchi ilivyokuwa inajisemea wakati ule. Kuna utenzi wa Henry Muhanika juu ya vita vya Kagera na anguko la Amin, huo usome kwa sauti, usiusome kimya. Vitabu hivi madukani ni adimu. Jaribu maktaba za mikoa na wauza vitabu vya mitumba, na ukikikuta chochote usikiache hata kama jalada limechanika. Ukimaliza, *Juliasi Kaizari*. Soma sehemu ya tatu polepole, halafu rudi hapa utuambie umeona nini.

Mama_Ilala

Mwanangu wa Misenyi, uliniambia niandike. Nimenunua daftari la kurasa mia mbili. Nimeanza na ile foleni. Ila nikuulize, yule mtoto aliyekuwa mgongoni kwa bibi yako, yuko hai?

Mwana_Misenyi

Yuko hai, Mama. Ni shangazi yangu, anaishi Bunazi, hatua chache kutoka barabara ya Mutukula. Wakati wa kukimbia alikuwa mdogo mno, hakumbuki chochote. Anasema kitu cha kwanza anachokikumbuka katika maisha yake yote ni kushushwa mgongoni, kwenye kiwanja chenye kuta bila paa, na mama yake anainama kutafuta kwa mikono, ndani ya majani marefu, shina la mgomba lililo hai. Mwezi ujao nakwenda kukaa naye wiki nzima na simu ya kurekodia. Nitaleta hapa atakachokisema, neno kwa neno.